Neno la Daktari Husomwa Kuanzia Mkiani

Neno la kitabibu likiishia na -itis, ujue kuna sehemu ya mwili iliyovimba, yenye joto na maumivu. Likiishia na -ectomy, kuna kitu kimekatwa kikaondolewa. Likianza na a- au an-, kuna kitu hakipo au kimepungua mno. Ukiwa na haya matatu tu, tayari unaweza kushika cheti cha hospitali ukaambulia kitu, hata kama hujawahi kukanyaga darasa la udaktari.

Nafundisha istilahi za kitabibu kwa wanafunzi wa mwaka wa kwanza wa uuguzi na utabibu, na karibu wote huja wakiamini kwamba kazi iliyo mbele yao ni kukariri. Wanaandika neno upande huu, maana upande ule, wanafunika kwa kiganja, wanarudia mpaka usiku wa manane. Inaniuma kuwaona hivyo, kwa sababu sioni watu walioandaliwa vizuri kwa somo hili kama wazungumzaji wa Kiswahili. Sisi huunganisha vipande vya maneno kila tunapofungua kinywa. Chukua "hatutawapikia". Kuna ha- ya kukanusha, -tu- ya nafsi, -ta- ya wakati ujao, -wa- ya watakaopikiwa, mzizi -pik-, halafu -i- ya kutendea na -a ya kumalizia. Mtoto mdogo hulisema bila kufundishwa na mtu. Mwanafunzi aliyechambua viambishi awali, mizizi na viambishi tamati tangu shuleni hana sababu ya kutishwa na neno kama "thrombocytopenia", maana limejengwa kwa ufundi uleule.

Maneno yenyewe nayaacha kama yanavyoandikwa kwenye vyeti na majibu ya maabara, ili ukiyakuta uyatambue. Ukiona haem- kwenye karatasi moja na hem- kwenye nyingine, usihangaike. Hiyo ni tofauti ya tahajia ya Uingereza na ya Marekani. Damu inayosemwa ni ileile.

Tuanze na hilo lililotisha, "thrombocytopenia". Mwanafunzi anayelisoma kutoka mwanzo hukwama palepale kwenye "thrombo" na kukata tamaa. Mwambie aanze mkiani: -penia, upungufu. Tayari anajua habari kubwa kuliko zote, kwamba kuna kitu kimepungua. Arudi nyuma kidogo: -cyt-, seli. Arudi tena: thrombo-, damu iliyoganda. Seli zinazohusika na kugandisha damu zimepungua, yaani chembe sahani. Sasa hata dalili anaweza kuzikisia mwenyewe: mgonjwa huyu atatokwa na damu kirahisi, fizi zitavuja, ngozi itavilia kwa kuguswa tu. Neno moja limempa nusu ya ukurasa wa kitabu.

Kusoma kutoka mwisho kuna sababu yake. Kiambishi tamati ndicho kinachosema neno ni la aina gani: ni ugonjwa, ni kipimo, ni upasuaji, au ni hali tu. Ukikijua hicho, sehemu nyingine zinapata pa kukaa. Mzizi unataja kiungo. Kiambishi awali kinasema ni wapi, kiasi gani, upande upi, kasi gani. Neno "tachycardia" lina tachy-, haraka. Lina kardia, moyo. Lina -ia ya hali. Hali ya moyo kwenda mbio. Badili kipande cha mbele uweke brady-, polepole, na umepata kinyume chake.

Kati ya vipande hivyo mara nyingi utakuta irabu "o" imekaa kama gundi. Gaster ni tumbo la chakula kwa Kigiriki. Kulichungulia kwa kifaa ni "gastroscopy", yenye "o". Likivimba ni "gastritis", bila "o", kwa kuwa -itis inaanza na irabu na hakuna haja ya nyingine. Wanafunzi huniuliza kanuni hii inatoka wapi, nami huwauliza kwa nini tunasema "meno" wala si "maino". Irabu zikikutana, lugha hutafuta njia ya kulainisha. Vivyo hivyo an- hutumika badala ya a- pale mzizi unapoanza na irabu au h: "apnoea", kukatika kwa pumzi, lakini "anuria", kutotoka mkojo, na "anaemia", upungufu wa damu.

Napenda sana kusimama kwenye moyo, kwa sababu hapo ndipo kiambishi awali kinapoonyesha nguvu zake zote. Moyo una ngozi inayouzunguka kwa nje, una misuli katikati, na una utando unaotandika vyumba vyake kwa ndani pamoja na vali. Peri- ni kuzunguka, myo- ni msuli, endo- ni ndani. Sasa weka -itis mwishoni.

"Pericarditis" ni kuvimba kwa ile ngozi ya nje. Mgonjwa wake mara nyingi ana maumivu makali ya kifua yanayozidi akilala chali na kupungua akikaa na kuinama mbele. "Myocarditis" ni kuvimba kwa msuli wenyewe, mara nyingi baada ya maambukizi ya virusi, na hatari yake ni kwamba pampu inadhoofika au mapigo yanavurugika. "Endocarditis" ni kuvimba kwa utando wa ndani, na zaidi ni kazi ya bakteria walioingia kwenye damu wakang'ang'ania vali. Matibabu yake ni antibayotiki za mshipani kwa majuma kadhaa. Hayo ni magonjwa matatu, yenye vyanzo tofauti na matibabu tofauti, na kwenye karatasi yanatofautishwa na herufi tatu au nne za mwanzo. Mtu akikuambia ndugu yenu ana "karditisi" bila kutaja kipande cha mbele, bado hajakuambia jambo lenyewe.

Kwenye upasuaji, uzito wote unahamia mwishoni. Tome kwa Kigiriki ni mkato. -otomy ni kukata na kufungua. -Ectomy ni kukata na kuondoa, kwa sababu kuna ek-, nje, iliyojibanza mbele ya tome. -Ostomy ni kutengeneza tundu au mdomo, kutoka stoma, mdomo. "Laparotomy" ni kufungua tumbo. "Cholecystectomy" inaonekana ndefu mpaka uigawe: chole ni nyongo, kystis ni mfuko, -ectomy ni kuondoa. Mfuko wa nyongo umetolewa. (Kiswahili nacho kimeuita kibofu nyongo, kwa jicho lilelile la kuona mfuko.) "Colostomy" ni utumbo mpana kutolewa mdomo kwenye ngozi ya tumbo, na kinyesi kikapokelewa kwenye mfuko unaobandikwa nje, kwa muda au kwa maisha yote.

Fikiria mtu anayepewa fomu ya kukubali upasuaji. Kati ya "colectomy" na "colostomy", la kwanza linamwambia utumbo mpana, wote au kipande, unaondolewa. La pili linamwambia ataamka akiwa na tundu tumboni. Mara nyingine hufanyiwa vyote viwili kwa pamoja. Sahihi inayowekwa bila kujua hayo, kwangu mimi, haijawa ridhaa. Ninalisema hili kwa uchungu kwa sababu nimewaona watu wazima, wenye akili zao timamu na kazi zao za heshima, wakitia saini huku wakitabasamu kwa aibu, wakihofia kuonekana hawajui. Kutojua Kigiriki si aibu. Anayepaswa kueleza ni yule anayelitumia neno.

Na kwa nini Kigiriki? Matabibu wa Ugiriki ya kale ndio walioacha maandishi mengi, na hata baada ya Roma kuwatawala, taaluma ilibaki kwenye lugha yao. Galen, daktari mashuhuri wa karne ya 2, aliwatibu watawala wa Roma lakini aliandika kwa Kigiriki. Celsus, karne moja kabla yake, ndiye aliyeandika kuhusu tiba kwa Kilatini, na ni kwake tunakozipata dalili nne za kuvimba ambazo wanafunzi hukariri hadi leo: wekundu, uvimbe, joto na maumivu. Alipokosa neno la Kilatini alichukua la Kigiriki. Baadaye, Ulaya ilipopasua maiti na kuchora mwili upya katika karne ya 16, lugha ya wasomi ilikuwa Kilatini, kwa hiyo sehemu za mwili zikapata majina ya Kilatini huku magonjwa yakibaki na ya Kigiriki.

Ndiyo maana figo lina mizizi miwili. Mshipa wa figo ni "renal", kutoka ren ya Kilatini, lakini figo likivimba ni "nephritis", kutoka nephros ya Kigiriki. Mapafu nayo ni "pulmonary" na "pneumonia". Ngozi ni "cutaneous" na "dermatitis". Ulimi ni "lingual" na "glossitis". Mwanafunzi akilijua hili mapema, anaacha kudhani anasoma viungo viwili tofauti.

Kati ya Roma na karne ya 16 kuna daraja ambalo vitabu vingi hulipita haraka, nami silipiti. Katika karne ya 9, mjini Baghdad, Hunayn ibn Ishaq na wenzake walitafsiri maandishi ya Galen kwa Kiarabu. Baadaye Ibn Sina na wengine wakayaendeleza, na katika karne za 11 na 12 elimu hiyo ikaanza kuvuka kwenda Kilatini. Sisi tunaosema tiba, tabibu, dawa na maradhi tumeyapata maneno hayo kutoka lugha hiyohiyo ya daraja. Alama yake ipo kichwani mwa kila mtu. Utando mgumu unaofunika ubongo huitwa "dura mater", na ule mwembamba kabisa "pia mater". Mater ni mama. Matabibu walioandika kwa Kiarabu waliita tando hizo "umm", mama wa ubongo, na mfasiri wa karne ya 12 akamhamisha mama huyo neno kwa neno. Bado yuko pale, kwenye kila ripoti ya picha ya ubongo.

Mpaka hapa naweza kuonekana kama ninayesema mizizi haikosei. Inakosea, na kuna mahali inakosesha vibaya.

Jozi ninayoipigia kelele kuliko zote ni hypo- na hyper-. Hypo- ni chini, hyper- ni juu. "Hypoglycaemia" ukiifungua ni chini, tamu, damu: sukari ya damu imeshuka, kwa kawaida chini ya 3.9 mmol/L, ambayo kwa kipimo kingine ni 70 mg/dL. Mgonjwa anatetemeka, anatoa jasho, anachanganyikiwa, na asipopewa sukari haraka anaweza kuzimia. "Hyperglycaemia" ni kinyume chake: sukari imepanda, kiu haikatiki, mkojo hauishi, na kumpa kitu kitamu ni kumwongezea shida. Kwa sikio, tena kwenye simu yenye mikwaruzo au kwenye wodi yenye makelele, maneno haya mawili yanafanana mno. Wanafunzi wangu hawaruhusiwi kuyatumia peke yake wanapokabidhiana zamu. Waseme "sukari imeshuka" au "sukari imepanda", kisha wataje namba.

Kuna mizizi yenye sura mbili. Myelo- mara ni uboho wa mfupa, mara ni uti wa mgongo: "osteomyelitis" ni maambukizi ya mfupa pamoja na uboho wake, "myelitis" yenyewe ni kuvimba kwa uti wa mgongo. Ped- ya Kigiriki ni mtoto, ped- ya Kilatini ni mguu. Salpingo- inatokana na tarumbeta, kwa umbo lake, na hutumika kwa mirija ya uzazi na pia kwa mrija unaounganisha sikio na koo.

Halafu kuna -oma. Hii huwatia watu hofu, wakati mwingine bure, wakati mwingine kwa haki, na neno lenyewe halikuambii ni lini. "Lipoma" ni uvimbe wa mafuta usio na hatari. "Haematoma" ni damu iliyovilia mahali pamoja, wala si uvimbe wa seli hata kidogo. "Carcinoma" ni saratani, kutoka karkinos, kaa wa baharini. Mtu akikariri kwamba saratani hujitambulisha kwa "carcinoma" au "sarcoma", atakuja kupotoshwa na "melanoma" na "lymphoma", ambazo zina sauti ya upole kama lipoma na zote mbili ni saratani. Hapo hakuna ujanja wa viambishi. Inabidi uulize waziwazi: hii ni saratani au si saratani?

"Diabetes" nayo hupotosha, hasa kwa sababu Kiswahili kimeshachagua upande. Neno la Kigiriki lina maana ya kupita katikati, maji yaingiayo kutoka vilevile. "Mellitus" ni tamu kama asali, na huo ndio ugonjwa tunaouita kisukari. Lakini upo "diabetes insipidus", na insipidus ni isiyo na ladha. Mgonjwa wake ana kiu na mkojo mwingi, ila sukari yake haina neno. Shida iko kwenye homoni inayoziambia figo zihifadhi maji, au kwenye figo zisizoisikia. Ukimwambia ana kisukari umemdanganya, na atajinyima sukari bila faida.

Majina mengine yamebeba makosa ya waliotangulia. "Gonorrhoea", kisonono, maana yake ni kutiririka kwa mbegu, kwa kuwa watu wa kale waliuona usaha wakadhani ni manii. Malaria ni hewa mbaya kwa Kiitalia. Daktari Mfaransa Laveran aliviona vimelea vyake kwenye damu mwaka 1880, daktari Mwingereza Ross akavikuta ndani ya mbu mwaka 1897, na jina likabaki na hewa yake mbaya mpaka leo.

Hapo ndipo ninapotaka wanafunzi wangu wafike. Ukichambua neno la kitabibu unapata mahali na unapata aina ya tatizo. Chanzo hupati, au hupati mara nyingi. "Hepatitis" ni hepar, ini, na -itis. Kiswahili kinasema homa ya ini, na "homa ya" yetu inafanya kazi karibu sawa na -itis yao. Homa ya mapafu nayo iko hivyohivyo. Lakini ini laweza kuvimba kwa virusi vya aina A, B, C, D au E, kwa pombe, kwa dawa fulani, au kwa kinga ya mwili inayolishambulia ini lenyewe. Kwa aina ya B ipo chanjo. Aina ya C hutibika kwa vidonge mpaka virusi vikaisha mwilini. Ya pombe inaanza kutibiwa kwa kuiacha pombe. Mtu aliyeambiwa "una hepatitis" akarudi nyumbani ameambiwa nusu tu, na nusu iliyobaki ndiyo inayoamua matibabu, na hata kama wale anaoishi nao wanahitaji kupimwa.

Yapo maneno machache yanayojaribu kusema chanzo. "Iatrogenic" lina iatros, tabibu, na genesis, kuzaa: tatizo lililozaliwa na matibabu yenyewe. Ni neno la ukweli mkubwa lililofichwa ndani ya Kigiriki, na ningependa liandikwe kwa lugha ambayo mgonjwa anaielewa kila linapotumika. Jingine ni "idiopathic". Idios ni yake mwenyewe, pathos ni mateso au ugonjwa. Ugonjwa unaojisimamia, usioonekana kutokana na mwingine. Kwa lugha ya wodini maana yake ni kwamba chanzo hakijajulikana. Likitamkwa na daktari lina uzito wa hitimisho, na wagonjwa wengi hulipokea hivyo, wakaitikia kwa kichwa, wakakunja karatasi. Nawafundisha wanaojiandaa kwa kazi hii kwamba wakimsomea mgonjwa neno hilo, palepale wamwambie kwamba chanzo kimetafutwa hakikuonekana, kisha wamtajie vipimo vilivyofanyika na vile ambavyo havijafanyika. Wewe utakayelikuta kwenye cheti chako, uliza hayo mawili kabla hujanyanyuka kitini.